Jini Mbanduko na Waandishi wa Bongo

Waandishi wenzangu, kuna jini mpya mjini. Waganga hawamjui bado, kwa hiyo jina nimempa mwenyewe: Mbanduko. Kazi yake ni moja tu. Analibandua neno kwenye wakati wake kama unavyobandua stika kwenye kioo cha basi, kisha anakwenda kulibandika wakati mwingine. Huyu hafukizwi ubani akatoka, wala hataki kuku mweusi. Anataka kalamu ya mtu mvivu.

Ushahidi unao mdomoni mwako. Unaposema "sina hela" unaitaja sarafu ya Mjerumani, Heller, iliyoingia mwaka 1904, mia moja kwa rupia moja. Mjerumani kaondoka, sarafu ikafa, neno bado tunadaiana kijiweni. Unakwenda Kariakoo kununua viatu, kumbe unakanyaga jina la Carrier Corps, jeshi la wapagazi wa Mwingereza katika Vita Kuu ya 1914 hadi 1918. Maelfu kwa maelfu walikufa kwa maradhi na njaa, mizigo kichwani. Wewe unabishania bei ya raba. Mtoto wa bara anakwenda shule, mwenzake wa Unguja anakwenda skuli: Mjerumani huku, Mwingereza kule, na wote wawili walishakwenda zao. Na hiyo daladala ni "dala", shilingi tano, nauli ya mabasi ya watu binafsi ya mwanzoni mwa miaka ya 1980. Hebu mpe konda dala leo, uone atakavyokushusha.

Hapo mimi sina ugomvi na Mbanduko. Neno la zamani likija kwetu ni mgeni. Limekuja na mzigo wake, na ukiufungua unakuta habari. Ugomvi wangu ni ile safari ya kurudi, pale tunapoyachukua maneno yetu ya leo na kuyatia midomoni mwa marehemu.

Chukua hadithi za Maji Maji, maana ndizo tunazozikimbilia tukisikia kuna shindano. Ukurasa wa kwanza tu, shujaa anapanda juu ya kichuguu anawahutubia "Watanzania wenzangu". Mwaka 1905! Jina Tanzania limezaliwa 1964. Hata Tanganyika, kama jina la nchi, Waingereza walilianza 1920. Kabla ya hapo lilikuwa jina la ziwa. Ukurasa wa pili shujaa analalamikia "changamoto" za kilimo. Wa tatu anadai "ushirikishwaji wa wadau". Jamani! Huyo ni mpiganaji wa Nandete, au ni ofisa wa mradi yuko semina anasubiri posho?

Najua wabishi mtasema: lugha ni kitu hai, fasihi ni ubunifu, msitubane. Sawa. Msimulizi wako ni mtu wa leo, na aseme "poa" mpaka achoke. Lakini ukishafungua alama za usemi, mdomo ule umeuazima. Mwenyewe amekufa, na marehemu hamwandikii mhariri barua ya kukanusha.

Wala msidhani tunagombania kamusi hapa. Vita vile vilianza Umatumbi, Julai 1905, kwa watu kung'oa miche ya pamba. Walilazimishwa kuilima kwa bakora, huku mashamba yao ya chakula yakiota majani. Neno la kuwaunganisha walikuwa nalo, tena la kwao: maji. Lilitoka Ngarambe kwa Kinjeketile likafika kwa Wangindo, kwa Wapogoro, kwa Wangoni, bila kuomba msaada wa neno letu hata moja. Sasa wewe unamtia mtu huyo neno "taifa" mdomoni. Umemnyang'anya pamba yake, bakora yake na njaa yake, ukamvisha fulana ya kampeni. Kesho mwanasiasa atapanda jukwaani aseme: mnaona, wazee wetu walikufa kwa ajili ya haya haya ninayowaambia. Nani kampa ushahidi? Wewe, na hadithi yako iliyopata zawadi ya tatu.

Kwa hiyo kabla hujampa mhusika neno, liulize neno lenyewe: umezaliwa lini? Hadithi ya 1895 isimlipe mtu hela. Mlipe kwa pesa na rupia. Msichana wa Dar wa mwaka 1975 usimpandishe daladala. Mpandishe basi la UDA, asukumane na wenzake. Maneno ya ujana wa bibi yako hayamo kwenye kamusi yote. Mfuate barazani kwake, mwulize vitu waliviitaje, unyamaze usikilize. Kazi hiyo haina gharama, ila inataka uache kujifanya unajua.

Na kama Mbanduko unamtaka kweli, mtumie mchana kweupe, kwa jina lake. Niandikie mkulima wa Nandete anayeng'oa mche wa pamba, na chini ya mizizi anakuta neno "taifa", bado bichi, limeanguka kutoka miaka sitini mbele. Analigeuza. Analinusa. Anamwuliza mkewe kama linapikwa au linaliwa hivyo hivyo. Mke anasema: litupe, litatuletea askari. Hapo wakati umebanduka na kila mtu ameona, na Mmatumbi bado ni Mmatumbi.

Hadithi hiyo ileteni, nitaisoma nimesimama kwenye foleni ya mwendokasi. Ile ya "Watanzania wenzangu" kaeni nayo. Au mngojeni aliyekufa mwaka 1905 aje aitie sahihi.