Zoesha Miche Baridi



Mwezi Juni na Julai baridi ni kali hapa Makandana. Asubuhi tazama jikoni. Samli imeganda. Mafuta ya alizeti hayakuganda. Mafuta hayafanani.

Mche wa kabichi nao una mafuta. Umejengwa kwa chembe hai nyingi, ndogo sana, zisizoonekana kwa macho. Kila chembe imezungukwa na utando mwembamba wa mafuta. Utando ukiwa laini, chembe hufanya kazi vizuri. Baridi kali ikija ghafla, utando hukakamaa. Maji ya ndani huvuja. Mche hunyauka, hata kama udongo una maji.

Baridi ikija polepole, mche hujitengeneza. Huongeza katika utando mafuta yasiyoganda upesi, kama yale ya alizeti. Kazi hiyo huchukua siku kadhaa.

Kwa hiyo, usiutoe mche kivulini na kuupanda shambani siku hiyo hiyo. Siku 7 hadi 10 kabla ya kuhamisha, punguza kivuli na maji kidogo kidogo. Siku za mwisho acha kitalu wazi usiku na mchana. Kisha hamisha jioni.

Mbegu ni fedha. Usiipoteze kwa haraka ya juma moja.