Afya ya Jamaa: Mkono Uliovunjika Hupimwaje?



Huko Manguredjipa, katika misitu ya Lubero magharibi ya Butembo, watu wengi hula kwa jasho la mikono yao. Mchimba dhahabu, mkata ngazi na mama atwangaye mihogo, wote wahitaji kiwiko na kifundo chenye nguvu. Basi mtoto akianguka mtini, au kijana akipinduka na pikipiki akavunja mkono, jamaa huuliza neno moja: Je, mfupa umeunga? Sisi twaona kwamba swali hilo ni nusu tu. Mfupa waweza kuunga vizuri, na mkono usifike kinywani.

Mwenye afya huunyosha mkono ukawa sawasawa, kisha hukunja kiwiko yapata digrii 145. Kifundo nacho huinamia upande wa kiganja yapata digrii 80, na kuinukia upande wa pili yapata 70. Hesabu hizo zisiwatishe, maana kipimo kilicho bora ni mkono mzima wa mgonjwa mwenyewe. Mketisheni, anyoshe mikono yote miwili pamoja, kisha akunje aguse mabega. Halafu viwiko vikae mbavuni, ageuze viganja juu kama mtu apokeaye sahani, tena chini. Tofauti itaonekana mara. Mwangalieni asiinue bega wala asipinde kiwiliwili ili kuficha upungufu. Watoto ni hodari sana kwa hila hiyo!

Habari ya nguvu ni nyingine. Ugonjwa wa kupooza watoto ndio uliowafundisha waganga kuipima musuli mmoja mmoja. Huko Boston, Marekani, Bibi Wilhelmine Wright, msaidizi wa daktari Robert Lovett, aliandika juu ya kazi hiyo mwaka 1912. Katika vita, mwaka 1943, waganga wa Uingereza walitoa alama zitumikazo hata leo, toka 0 mpaka 5. Musuli usiotikisika kabisa hupewa 0. Ukishtuka kidogo chini ya kidole cha mpimaji, 1. Mkono ukiweza kuteleza juu ya meza bila kuinuka, ni 2. Ukiinuka wenyewe bila msaada, 3. Ukishindana na mkono wa mpimaji lakini ukashindwa upesi, 4. Ukiwa na nguvu kamili, 5.

Kwa kifundo, mlazeni mgonjwa mkono mezani, kiganja kikitazama chini na kuning'inia ukingoni, ainue. Kisha geuzeni kiganja kitazame juu, ainue tena. Asipoweza kabisa kuinua kiganja wala vidole katika jaribio la kwanza, msimwite mvivu: huenda umeumia mshipa wa fahamu uzungukao nyuma ya mfupa wa juu wa mkono. Huyo apelekwe kwa daktari.

Lakini mkono uliovunjika jana haujaribiwi nguvu. Ngojeni mpaka mganga aseme mfupa umeshikamana. Na tangu siku ya kwanza, kama umefungwa kwa vijiti au kwa plasta, tazameni vidole. Vikiwa baridi, vyeupe au vyenye ganzi, au mtoto akilia mno mnapovinyosha taratibu, vijiti vilegezwe saa ile ile na mtoto akimbizwe hospitali. Plasta pia yafaa ikatwe bila kukawia. Saa chache zatosha kuiua nyama ya mkono, na vidole vikakunjamana maisha yote.

Tena wako wanaokivuta kwa nguvu kiwiko kilichokauka na kukisugua mpaka mtoto apige kelele. Twawasihi waache. Kulazimisha hivyo kwaweza kuotesha mfupa ndani ya nyama, na kiwiko kikafunga kabisa. Mtoto akunje na kunyosha mwenyewe, kidogo kidogo, mara nyingi kwa siku. Kila Jumapili baada ya Misa mpimeni, mwandike katika daftari ameufikisha mkono wapi: kidevuni, mdomoni, begani. Majuma mawili au matatu yakipita pasipo badiliko, lichukueni daftari hilo pamoja na mtoto mpaka kwa mganga.