Kionjo cha Mwaka 1993

Wapo wananchi, Unguja, Dar es Salaam na hata Singida, ambao ukiwatajia Doom nyuso zao hukunjuka. Huo ni mchezo wa kompyuta wa mapigano, uliotolewa tarehe 10 Desemba, 1993, na kikundi kidogo cha vijana wa Texas, Marekani. Theluthi yake ya kwanza, yaani hatua 9 kati ya 27, ilitolewa bure, na kila mtu aliruhusiwa kuinakili na kumpa mwenzake. Aliyenogewa alilipia iliyosalia.

Kionjo hicho kilisafiri kwa disketi, mkono kwa mkono. Kwetu kilichelewa. Mwaka 1974 Serikali ilipiga marufuku kuingiza kompyuta na televisheni Tanzania Bara, na amri hiyo ilidumu hadi miaka ya 1990. Visiwani televisheni ya rangi ilikwisha kuanza mapema katika miaka ya 1970. Bara ilisubiri hadi 1994. Nchi changa haina budi kutunza fedha zake za kigeni, na hilo hatulibishi. Lakini gharama yake ni kizazi kizima kilichoikuta kompyuta kikiwa kimekwisha kukomaa.

Wazee watauliza: kuna faida gani katika mchezo wa bunduki na mashetani? Swali hilo ni la haki. Hatutetei umwagaji damu, hata wa pichani. Tunachokitamani ni ule mlango uliokuwa wazi. Mwaka 1997 watengenezaji waliyatoa hadharani maandishi ya programu yenyewe, na vijana wa mataifa mengi wakajifunza kazi kwa kuyachokonoa. Fundi hapatikani kwa kutazama tu. Hupatikana kwa kufungua, kuharibu na kutengeneza.

Ushahidi upo jirani. Lual Mayen, mkimbizi wa Sudan Kusini, alikulia kambini kaskazini mwa Uganda. Mama yake aliweka akiba kwa miaka mitatu mpaka akapata dola 300 za kumnunulia kompyuta. Kwa kompyuta hiyo kijana akatengeneza mchezo wake mwenyewe, akauita Salaam, unaohimiza amani badala ya kuua.

Kijana wa Issuna, kando ya barabara ya Manyoni kwenda Singida, hakupungukiwa akili, wala mwenzake wa Micheweni, Pemba. Wanachokosa ni nafasi ya kuonja. Kompyuta ya shule inayofungiwa ofisini kwa kuogopa isiharibike, kwa mwanafunzi imekwisha kuharibika.

Kwa hiyo tunawataka maofisa elimu, Bara na Visiwani, wahakikishe kwamba vyumba vya kompyuta vinabaki wazi baada ya masomo, chini ya mwalimu, na kwamba watoto wanaruhusiwa kuunda, si kubofya tu. Amri ya mwaka 1974 ilikuwa na sababu zake. Makufuli ya leo hayana.