Marejesho ya Kodi: Tusome Hesabu Kabla ya Kuhesabu Siku

Ndugu Wanachama,

Tangu kumalizika mavuno yaliyopita ofisi ya chama imekuwa ikipokea swali moja kutoka kwa wenzetu wanaofanya biashara ya viungo bara: "Katibu, mzigo wangu ulivuka Tunduma zamani, mbona fedha zangu za kodi hazijarudi?" Wengine huuliza kwa upole, wengine kwa hasira, na wako waliokwisha kata tamaa wakasema kwamba fedha ikiingia serikalini haitoki tena. Naona yafaa nijibu hapa mbele ya wote, maana wanaouliza ni wengi na jambo lao ni moja.

Kwanza niseme kwamba shauri hili si la karafuu. Karafuu yetu mnunuzi wake ni Shirika la Taifa la Biashara, ZSTC, na mkulima akishapima na kulipwa hana safari ya mpakani. Ninaowasemea ni wale wenye ghala na maduka bara, ambao husaga na kufunga pilipili manga, mdalasini na manjano, wakapeleka Zambia na Kongo. Mzigo wao hutoka Dar es Salaam, hukata kilomita zaidi ya 900, hufika Tunduma katika Mkoa wa Songwe, na ng'ambo ya pili ni Nakonde, nchi ya Zambia. Tangu 2019 pana kituo cha pamoja pale, na maofisa wa nchi mbili hukagua mzigo mahali pamoja.

Basi fedha hizo zinazodaiwa ni zipi? Sheria ya Kodi ya Ongezeko la Thamani ya mwaka 2014, inayotumika bara, inasema kwamba bidhaa inayouzwa nchi za nje hutozwa kodi kwa kiwango cha sifuri. Lakini mwenye bidhaa alipokuwa akinunua mashine ya kusagia, vifuko na makasha, alilipa asilimia 18 juu ya bei. Tuseme katika mwezi mmoja ameuza Zambia mzigo wa shilingi 20,000,000, na vitu alivyonunua vilikuwa vya shilingi 10,000,000 kabla ya kodi. Kodi ya mauzo yake ni sifuri, na kodi aliyokwisha lipa ni shilingi 1,800,000. Hizo ni zake, wala si zawadi ya mtu.

Hapa ndipo wengi wetu tunapoteleza. Mtu akifungua taarifa ya hesabu yake ya kodi akaona salio la shilingi 1,800,000, hudhani kwamba fedha zimekwisha pitishwa na ziko njiani. Sivyo. Salio lile ni maneno yake mwenyewe, aliyoyaandika katika ritani yake. Mamlaka ya Mapato bado haijayakubali. Baada ya hapo mna hatua tatu: kuomba marejesho, kukaguliwa, na kutolewa uamuzi. Fedha huja nyuma ya hatua hizo.

Tena siku hazihesabiwi tangu gari lilipovuka mpaka. Huhesabiwa tangu ombi lilipopokelewa. Sheria imempa Kamishna Mkuu siku 90 za kutoa uamuzi. Mfanyabiashara wa kawaida, kabla ya kuomba, salio lake husogezwa mbele kwa muda wa miezi sita. Lakini yule ambaye nusu ya mauzo yake au zaidi ni ya nchi za nje ana ruhusa ya kuomba bila ya kungoja miezi hiyo. Mwanachama aliyevusha mzigo mwezi wa Januari, akachelewesha ritani yake ambayo ilipasa kufika kabla ya kupita tarehe 20 Februari, kisha akaleta ombi mwezi wa Mei, hana haki ya kulalamika mwezi wa Juni kwamba amengojeshwa nusu mwaka.

Na huko Tunduma kuna mambo mawili ya kuangaliwa sana. La kwanza ni kwamba gari kuvuka ni jambo moja, na kuvuka kule kuandikwa katika hesabu ya forodha ni jambo jingine. Dereva akishapita hufurahi akaenda zake Lusaka. Lakini ikiwa hati haikufungwa pale mpakani, mbele ya mkaguzi mzigo ule ungali nchini, na mzigo ulio nchini hauna kiwango cha sifuri. Wakala wa forodha asilipwe fedha zake za mwisho mpaka alete uthibitisho kwamba mzigo umetoka.

La pili ni jina. Wako wanaosafirisha kwa jina la wakala, au la shemeji, au la rafiki mwenye leseni, ili kukwepa usumbufu. Namba ya mlipakodi iliyo katika hati ndiyo inayotambulikana. Mzigo ni wako, jasho ni lako, lakini katika daftari mwenye mali ni mwingine, na marejesho hayaombwi kwa kuapa.

Aidha, asiyesajiliwa katika kodi hii hana marejesho ya kudai. Tangu Julai 2023 kiwango cha kusajiliwa bara ni mauzo ya shilingi 200,000,000 kwa mwaka. Wengi wetu, kila mmoja peke yake, hatufiki hapo. Hii ni sababu nyingine ya kuuza kwa pamoja badala ya kila mtu na kifurushi chake.

Jambo jingine la kufahamu ni kwamba deni hulipwa kwanza. Mwenye salio la shilingi 1,800,000 akiwa na kodi ya mapato ya shilingi 500,000 ambayo hajalipa, asishangae kupata 1,300,000. Wala tusichanganye nyumba. TRA, iliyoanza kazi mwaka 1996, hukusanya kodi ya mapato na ushuru wa forodha bara na Visiwani; lakini kodi ya ongezeko la thamani ya hapa Zanzibar iko chini ya ZRA, ambayo kwa sheria ya mwaka 2022 imechukua nafasi ya Bodi ya Mapato ya zamani. Mwenye duka huku na ghala kule ana hesabu mbili, na ya huku haiwezi kuulizwa kule.

Nimesema upande wetu. Sasa niseme upande wa pili, maana mizani ina vitanga viwili. Sisi tukichelewa ritani hata siku moja hutozwa adhabu, wala hakuna anayesikiliza habari ya mvua wala ya msiba. Basi siku 90 nazo zihesabiwe kwa ukali ule ule. Mfanyabiashara mdogo hana mtaji wa pili. Shilingi 1,800,000 zikilala, msimu unaofuata hana cha kununulia pilipili kwa mkulima, na mkulima huyo ni mimi na wewe. Kwa hiyo kuchelewa kwa marejesho ya mtu mmoja huko bara huonekana katika majamvi yetu huku kisiwani.

Rai yangu ni kwamba ofisi ya kodi isijibu kwa mdomo. "Njoo wiki ijayo" si jawabu. Ikiwa kuna karatasi iliyopungua, iandikwe ni ipi. Ikiwa ombi limekataliwa, iandikwe kwa nini. Maana mtu akipewa uamuzi kwa maandishi ana siku 30 za kuleta pingamizi kwa Kamishna Mkuu, na asiporidhika iko Bodi ya Rufaa za Kodi, na juu yake Baraza. Aliyeambiwa kwa mdomo atapinga nini?

Nasi tulioketi chuoni tunajua kwamba aya iliyo ndefu kuliko zote katika Qur'ani, ya 282 katika Sura ya Al-Baqara, ni ya kuamrisha kuandika madeni. Na wazee wamesema mali bila daftari hupotea bila habari. Subira ni njema, lakini subira ya mtu asiyejua hesabu yake ni usingizi tu.

Kwa hiyo naomba kila mwanachama anayehusika aitazame taarifa ya hesabu yake kila mwezi, aweke risiti za mashine na hati za Tunduma katika jalada moja, na aandike tarehe ombi lake lilipopokelewa. Ambaye siku zake 90 zimepita bila ya uamuzi alete nakala ofisini. Halmashauri ikikubali, tutakusanya madai yote tuyapeleke kwa barua moja. Barua yenye tarehe na namba ni vigumu kuitia mtotoni.

Wabillahi tawfiq.

Katibu wa Chama