Lita Si Kilomita

Kuna sifa moja ya magari ya zamani ambayo kizazi chetu kimeirithi bila kuikagua. Utaisikia gereji. Utaisikia kwenye harusi, pale Mercedes nyeupe ya miaka ya themanini mwanzoni inapoegeshwa mbele ya ukumbi ikiwa na utepe kwenye boneti. Utaisikia kwa wajomba na baba wadogo wakikaa pamoja sikukuu: "Gari za zamani zilikuwa na tenki, bwana. Ukijaza, unasahau sheli." Sisi tuliokulia kwenye Vitz na Corolla tunaitikia kwa heshima, kisha tunairudia kwa wenzetu kana kwamba tumeishuhudia.

Naandika kuipinga. Sina ugomvi na magari yenyewe. Peugeot 504 ikipita mbele yangu nageuza shingo kama mtu mwingine yeyote. Ugomvi wangu ni na kile tunachokisifia. Tunasifia ukubwa wa tumbo na kuuita nguvu ya miguu.

Tuanze na hesabu, maana sifa hii imekaa muda mrefu bila kupigiwa hesabu. Chukua sedani kubwa ya Kimarekani, Cadillac DeVille ya mwaka 1976. Injini yake ilikuwa ya lita 8.2 na tenki lake lilibeba zaidi ya lita 100. Kwa injini ya namna hiyo, ukipata kilomita nne na nusu kwa lita moja, mshukuru Mungu. Zidisha: tenki zima linakupa kilomita 460 au 470 hivi. Sasa chukua Volkswagen Beetle, lile gari lenye umbo la kobe, lenye tenki la lita 40. Tuseme linakwenda kilomita 12 kwa lita. Tenki zima linakupa kilomita 480. Magari haya mawili yanaishiwa mafuta karibu mahali pamoja, isipokuwa moja limekunywa mara mbili na nusu zaidi ya jingine ili kufika hapo. Ukisimama sheli ukatazama mashine inavyohesabu, utadhani Cadillac inajiandaa kwa safari ndefu zaidi, kumbe inalipia kiu yake.

Jaguar XJ6, iliyotoka mwaka 1968, ilikuwa na matenki mawili, moja kila ubavu wa nyuma, na kila moja na mfuniko wake. Dereva alikuwa na swichi kwenye dashibodi ya kuhama kutoka tenki moja kwenda jingine. Wapenzi wa magari huisimulia swichi hiyo kama anasa, na mimi naisoma kama kukiri. Mhandisi aliyelazimika kutafuta mahali pa kuweka tenki la pili alikuwa anajua injini iliyopo mbele inakula kiasi gani. Mwaka 1972 gari hilohilo likapewa injini ya silinda 12, na swichi ikapata kazi zaidi.

Hata Peugeot 504, ambayo ni ya kwetu kwa haki kabisa, haiisaidii hoja ya wajomba. Ilitoka Ufaransa mwaka 1968, ikaendelea kuunganishwa Kenya na Nigeria hadi mwanzoni mwa miaka ya 2000, na mwaka 1975 ilishinda Safari Rally, kama kaka yake 404 alivyofanya mwaka 1963 na tena miaka mitatu mfululizo kuanzia 1966. Tenki la sedani yake lilikuwa la lita 56. Kwa kilomita kumi kwa lita, hiyo ni safari ya kilomita 560: Dar hadi Dodoma na ziada ya kuzunguka mjini. Corolla ya mwanzoni mwa miaka ya 2000, yenye tenki la lita 50 hivi, kwa kilomita 13 kwa lita inakwenda 650. Gari tunalolidharau kwa sababu kila mtu analo linalipita gari tunalolipigia magoti. Na zile Peugeot za mashindano hazikushinda kwa kujaza mara moja. Zilishinda kwa sababu bodi na springi zilihimili mashimo na tope ambavyo vilimaliza nyingine. Mwaka 1963 magari 84 yalianza na 7 tu yakafika mwisho. Mafuta yalikuwa yanawasubiri njiani pamoja na mafundi.

Hapa mjomba atanijibu kwamba hesabu hii si ya haki. Zamani sheli zilikuwa chache. Kutoka mji mmoja hadi mwingine ungeweza kukuta pampu moja, nayo imefungwa, mwenye ufunguo yuko msibani. Tenki kubwa lilikuwa akiba, si maringo. Hoja hii ni nzito na ninaikubali sehemu yake. Hadi mwanzoni mwa miaka ya sitini Beetle nyingi hazikuwa hata na geji ya mafuta. Gari likianza kukohoa, dereva aligeuza koki kwa mguu kufungua lita chache za akiba, kisha akaanza kutafuta pampu kwa macho. Mtu wa namna hiyo akitamani tenki kubwa zaidi, simlaumu.

Lakini jiulize akiba hiyo ilikuwa ya nani. Baba yangu mdogo aliendesha Peugeot ya kampuni kwa miaka mingi, na yeye ni kati ya wasifiaji wakubwa wa tenki. Siku moja nilimuuliza swali ambalo nadhani hakuna aliyewahi kumuuliza: "Baba mdogo, ulikuwa unalipa kiasi gani kujaza?" Akacheka. Hakuwahi kulipa. Alikuwa na kitabu cha vocha. Anachana karatasi, anasaini, mhudumu anajaza mpaka juu. Basi ndiyo siri ya kusahau sheli. Ukichunguza wengi wanaosimulia raha ya kujaza tenki, utakuta nyuma yao kuna ofisi, shirika au mradi uliobaki na risiti. Aliyejilipia mwenyewe, mwenye teksi au mwalimu aliyenunua gari kwa mkopo, alikuwa anaweka ya safari ya leo, kama tunavyoweka sisi.

Halafu zikaja shida zilizoonyesha bei halisi ya kiu hiyo. Oktoba 1973 nchi za Kiarabu zinazouza mafuta zilianza kuwawekea vikwazo wateja wao wa Magharibi, na kufikia Januari 1974 pipa lililokuwa karibu dola 3 likawa linakaribia dola 12. Mwaka 1979, mapinduzi ya Iran yakapandisha bei tena, wakati Tanzania ndiyo kwanza inatoka kwenye vita vya Kagera. Wazazi wetu wanaikumbuka Jumapili ambayo gari binafsi halikuruhusiwa kutembea baada ya saa nane mchana bila kibali. Katika Jumapili hiyo tenki la lita 56 na tenki la lita 40 yalikuwa sawasawa: yote yameegeshwa uani yakimwagiwa maji na watoto. Marekani wenyewe walijifunza. Mwaka 1975 walitunga sheria ya kulazimisha magari mapya kupunguza ulaji wa mafuta, na Cadillac ya 1977 ikatoka ndogo na nyepesi kuliko ya mwaka uliotangulia. Waliolitengeneza tumbo lile walilipunguza wenyewe, na sisi ambao hatukulitengeneza ndio tumebaki kulisifu.

Kuna jambo jingine ambalo simulizi za tenki huliruka. Kilichojazwa humo kilikuwa na risasi. Tangu miaka ya 1920 viwanda vilichanganya kemikali yenye risasi kwenye petroli ili injini zisigonge, na vali za injini nyingi za zamani zilitegemea mchanganyiko huo zisiliwe haraka. Risasi ilitoka kwenye ekzozi, ikatua kwenye vumbi la barabara, ikaingia kwa watoto, na inajulikana wazi kwamba huharibu ubongo wa mtoto. Nchi zilizo kusini mwa Sahara zilikubaliana Dakar mwaka 2001 kuiondoa, na kufikia mwanzoni mwa 2006 ilikuwa imeondolewa. Nchi ya mwisho duniani, Algeria, iliacha mwaka 2021. Kwa hiyo sisi tuliozaliwa mwishoni mwa miaka ya tisini tulivuta hewa ile. Ninapoambiwa nisikitike kwamba zama zile zimepita, nakumbuka hilo, na ninakosa machozi.

Mpaka hapa mtu anaweza kuniambia: sawa, umeshinda wazee kwa kikokotoo, lakini kuna ubaya gani watu wakijifariji na kumbukumbu? Ubaya ni kwamba sifa hii haijabaki kwenye kumbukumbu. Imehama kutoka kwenye sedani ikapanda juu. Toyota Land Cruiser 200, shangingi tunalolijua sote, ina tenki kuu la lita 93 na la ziada la lita 45. Jumla lita 138. Gari la namna hiyo lina kazi yake porini na kwenye barabara zisizopitika. Ila tunaliona kila siku asubuhi kwenye foleni za mjini, kwenye lami, likiwa na mtu mmoja nyuma na gazeti. Ukiuliza kwa nini, utapewa majibu yaleyale ya Peugeot: ni imara, linafika mbali. Linafika mbali kwenda wapi? Kutoka Masaki hadi Posta?

Na tenki kubwa lina faida moja ya kweli ambayo wenye nalo hawaitangazi: ni ghala. Tanzania bei kikomo za mafuta hutangazwa Jumatano ya kwanza ya kila mwezi. Kenya hutangazwa tarehe 14. Ikivuma kwamba bei itapanda, sheli hujaa usiku wa kuamkia tangazo. Tuseme imepanda shilingi 300 kwa lita. Mwenye lita 138 aliyejaza usiku ule ameokoa shilingi 41,400. Dereva wa bodaboda mwenye uwezo wa kununua lita mbili kwa wakati ameokoa 600, na kesho asubuhi anaanza kununua kwa bei mpya. Mafuta yakiwa adimu kabisa, kama ilivyokuwa Kenya Aprili 2022, tofauti hiyo inageuka kuwa nani anakwenda kazini na nani anasukuma pikipiki.

Juu ya hayo, mwenye lita mbili anapewa mawaidha. Hakuna ushauri unaotolewa kwa wingi kama huu: usiendeshe taa ikiwa imewaka, usiache mafuta yashuke chini ya robo, utaua pampu. Ushauri wenyewe ni sahihi. Katika magari yenye pampu ya umeme ndani ya tenki, petroli ndiyo inayoipoza, na mafuta yakiwa kidogo sana pampu inapata joto. Katika gari la zamani lenye kabureta, pampu iko kwenye injini, lakini tenki tupu hukusanya unyevu na kutu, na uchafu ule hatimaye huziba chujio. Yote ni kweli. Lakini anayeweka ya elfu tano hafanyi hivyo kwa kutojua. Anaweka ya elfu tano kwa sababu ana elfu saba. Kumhubiria mtu huyo nidhamu ya tenki ni kumtoza faini ya umaskini mara mbili: mara moja kwa fundi, mara ya pili kwa maneno.

Wapo watakaosema kwamba kulitunza gari la zamani ni bora kuliko kuagiza jipya kila miaka mitano, na kwamba 504 inatengenezeka chini ya mwembe kwa spana nne. Nakubali kwa moyo mmoja. Hilo ndilo la kurithi: gari ambalo fundi wa mtaani anaweza kulifungua na kulielewa. Tuwaambie wanaotuuzia magari kwamba tunataka hilo. Lakini tusiruhusu sifa ya spana iazimwe na tenki.

Nalisema hili sasa kwa sababu tupo tena kwenye mlango wa uamuzi. Magari na pikipiki za umeme zimeanza kuingia mijini kwetu, na swali la kwanza ninalolisikia kwa wenzangu, watu wenye shahada, ni "betri yake kubwa kiasi gani?" Ni swali la tenki lililobadilishwa nguo. Betri kubwa ikibebeshwa gari zito nayo ni Cadillac. Tuulize chombo kinakwenda umbali gani kwa kila shilingi ya nishati, kinabeba watu wangapi, na nani ataweza kukichaji akiwa na elfu saba mfukoni.

Na sikukuu ijayo, mjomba akianza tena habari ya kujaza na kusahau sheli, usimkatize. Mwache amalize, mwongeze chai, kisha muulize kwa adabu: vocha alikuwa anasaini nani?