Umenyimwa leseni? Dai sababu kwa maandishi kabla hujatafuta koneksheni

Wakuu, wengi humu tumeanza na viatu, simu na vipodozi mtandaoni, halafu ndoto inakua. Siku hizi naona wengi wanaulizia kituo kidogo cha mafuta kijijini. Sishangai. Toka Dodoma mjini uende Bahi, Chamwino, Kondoa mpaka Manyoni, bado kuna vijiji petroli ya bodaboda inauzwa kwenye chupa za maji. Soko lipo.

Ila leo naongelea siku unayojibiwa HAPANA.

Wengi wetu tukinyimwa tunanyamaza, tunasema haikuwa riziki. Au tunatafuta mtu wa ndani asukume faili. Mimi naona vyote ni hasara. Ukinyamaza, hela ya kiwanja na michoro imelala. Ukitafuta mtu wa ndani, unalipa hela isiyo na risiti, na akikuzungusha huna pa kumshtaki.

Kwanza jua nani kakukataa. Kama ni kampuni binafsi imekunyima uwakala wa mafuta au gesi yake, hiyo ni biashara yake. Inachagua wa kufanya naye kazi kama wewe unavyochagua wa kumkopesha. Kama hamjaingia mkataba, usipoteze muda mahakamani, jaribu kampuni nyingine.

Lakini akikukataa chombo cha umma, habari inabadilika. Leseni za vituo vya mafuta Tanzania Bara zinatolewa na EWURA, makao makuu yao hapa hapa Dodoma, chini ya Sheria ya Petroli ya 2015. Hiyo siyo fadhila, ni kazi ya kisheria. Na Katiba ya 1977, Ibara ya 13(6)(a), inasema haki za mtu zikiamuliwa na mahakama au chombo kingine, ana haki ya kusikilizwa na ya kukata rufaa. Watu wanadhani hiyo ni ya wenye kesi za jinai tu. Inakuhusu na wewe mwenye maombi.

Kwa hiyo fanya hivi:

1. Omba sababu kwa maandishi. Jibu la mdomo huwezi kulikatia rufaa.

2. Isome sababu bila hasira. Kama kweli kiwanja ni cha makazi, au kinga ya moto haijakaa sawa, rekebisha uombe upya. Petroli siyo viatu, ikilipuka majirani wanaungua.

3. Kama sababu haina ukweli, omba EWURA wapitie upya uamuzi wao. Ukishindwa, kuna rufaa Baraza la Ushindani (FCT), ambalo mwenyekiti wake ni jaji wa Mahakama Kuu.

4. Mahakama Kuu nako unaweza kuomba mapitio ya uamuzi, ila kibali cha kufungua maombi hayo unatakiwa ukiombe ndani ya miezi 6. Jaji anaweza kukuuliza kwa nini umeruka rufaa. Na jua hili mapema: pale haangalii kama unastahili leseni, anaangalia kama sheria na utaratibu vilifuatwa. Ukishinda, mara nyingi maombi yako yanarudi kuamuliwa upya. Hupewi leseni mkononi.

Mfano wa nje. Mwaka 1979 Mahakama ya Juu ya India iliamua kesi ya tenda ya mgahawa kwenye uwanja wa ndege wa Bombay. Tangazo lilitaka uzoefu wa miaka 5, akapewa asiyekuwa nao. Majaji wakasema mamlaka ya umma lazima ifuate vigezo ilivyotangaza yenyewe. Lakini aliyefungua kesi aliondoka mikono mitupu. Sababu moja ni kwamba alichelewa zaidi ya miezi 5, na mwenzake alikuwa ameshaingia gharama. Hoja ilikuwa nzuri, muda ukamuangusha.

Najua mtasema wakili ni ghali. Kweli, ndiyo maana nasema anza na barua, maana barua hata mimi wa kidato cha nne naiandika. Tunza nakala ya kila fomu, kila risiti ya malipo, kila ujumbe wa mfumo wenye tarehe. Tumezoea kupiga skrinshoti mteja akisema ametuma hela. Tufanye hivyo na kwenye maombi ya leseni.

Barua ya kukataliwa ina tarehe. Anza kuhesabu siku hapo, halafu muone wakili mapema ukiwa bado na muda.