Si kila gemu ni ya kukumaliza

Mzazi akikupata saa saba usiku macho kwenye skrini, hukumu huwa ni moja: "Hizo gemu zitakumaliza!" Wasiwasi wake tunauelewa. Lakini kuna gemu na gemu, na sisi vijana ndio tunafaa kuwa wa kwanza kuzitofautisha.

Chukua gemu za mdundo. Mwaka wa 2005, Nintendo ilitoa Osu! Tatakae! Ouendan nchini Japani. Ndani yake, kikosi cha washangiliaji wenye makoti meusi marefu humtokea mtu aliyelemewa, kwa mfano mwanafunzi anayesomea mtihani huku nyumbani kelele haziishi. Kazi yako ni kugusa skrini sawasawa na mdundo. Ukiteleza, jamaa anazidi kuzama.

Gemu hiyo haikuuzwa rasmi nje ya Japani, na nyimbo zake ni za Kijapani. Bado wasee wa Marekani na Ulaya waliiagiza na kuipenda bila kuelewa neno. Ni kwa sababu wimbo uliouchezea kwa vidole vyako mara hamsini hauusikii tena kama mpita njia. Mwaka wa 2007, Dean Herbert wa Australia aliiga uchezaji huo akatoa osu!, gemu ya kompyuta isiyolipiwa, ambayo wachezaji wenyewe huitungia hatua za kucheza.

Upande wa pili kuna gemu za mbinu za vita, kama Fire Emblem iliyoanza 1990 na Final Fantasy Tactics ya 1997. Hapa hakuna haraka. Unasogeza askari mmoja mmoja kwenye miraba, kisha adui naye anasogeza wake. Aliyewahi kukaa kwenye drafti au bao anajua utamu wa kuwaza hatua tatu mbele. Uchungu nao upo: katika Fire Emblem za awali, askari akiuawa ndiyo basi. Umemlea tangu mwanzo, unajua hadithi yake, na umempoteza kwa pupa yako mwenyewe.

Hizi gemu mbili zinafanana kwa jambo moja. Ukishindwa, kosa ni lako, na dawa yake ni kujaribu tena ukiwa makini zaidi. Hilo ni somo ambalo wengi wetu hulilipia karo.

Sasa linganisha na zile za kamari kwenye simu, ambazo pia zinaitwa gemu. Rangi zinamemeta, muziki unapigwa, kitufe ni kimoja. Lakini hata ukibonyeza miaka kumi, hakuna ujuzi unaoupata, kwa kuwa hesabu imepangwa ili mwenye kampuni asipoteze. Kodi ya nyumba imeliwa huko, na mkopo wa simu ukafuata.

Hatusemi mtu akeshe na Final Fantasy Tactics wiki ya mtihani. Hata kitu kizuri kina kipimo, na gemu ya aina hiyo humeza masaa mengi. Wazazi nao, kabla ya kufoka, waulize kwanza mtoto anacheza nini.

Nawe kijana, kabla ya kubonyeza, jiulize hivi: nikiirudia hii mara mia, nitakuwa hodari zaidi au maskini zaidi? Jibu likiwa la pili, hiyo si gemu. Futa.